Siku ya Kuvunja Mizani

Kanzu ya tuzo ilishonwa kwa kumpima bwana mmoja mrefu, mwembamba, aliyekufa miaka mia mbili iliyopita, na tangu hapo kila mshindi huivaa hivyo hivyo. Kazija alikuwa mfupi. Wembamba hakuwahi kuujua, hata miaka ya njaa.

"Vuta tumbo," Faki alimwambia, akipigana na kifungo cha tatu.

"Nimelivuta tangu juzi."

"Livute tena kidogo."

"Tumbo hili si langu peke yangu, ni la ukoo mzima. Liache, watu waone kwamba Bondeni tunakula."

Faki alicheka mpaka kifungo kikamponyoka. Kwa miaka ishirini na miwili yeye ndiye aliyeshuka kisimani kila asubuhi kusoma mizani, na Kazija ndiye aliyekaa na kalamu kutafuta maana ya kilichosomwa. Mara saba Baraza liliwafukuza mlangoni, na mara ya saba bawabu aliwamwagia maji ya kudekia. Leo bawabu yuleyule alikuwa amewapokea kwa kuinama, naye Kazija alimuuliza kama ndoo yake bado i hai.

Walikuwa kwenye chumba cha kungojea, Tuta la Saba, juu kabisa ya mji wa Tungule. Kutoka dirishani mji ulionekana kama bakuli: matuta saba yakishuka duara ndani ya duara, ya juu mawe na baridi, ya chini kijani na joto, hadi Bondeni, ambako kila kitu huota na watu wengi zaidi huishi. Jua kubwa lilikuwa limeshapanda na jua dogo lilikuwa likichomoza nyuma yake. Uwanjani, umati ulikuwa ukiimba.

Juu ya meza kulikuwa na sinia, na juu ya sinia nyundo mbili za shaba, moja ya Kazija, moja ya Faki. Katikati yake ilikaa mizani.

Ilikuwa kitu chepesi kwa kazi nzito. Ufito mwembamba, upande mmoja tufe la kioo lililozibwa, kubwa kama boga, upande mwingine jiwe dogo la shaba. Katika hewa ya kawaida viwili hivyo hulingana. Lakini chini ya Tungule ardhi hupiga mwayo. Hutoa hewa isiyo na rangi wala harufu, nzito kuliko hewa ya kuvutwa, inayotiririka kama maji na kujaa mahali pa chini kama maji. Hewa hiyo ikiingia kisimani, tufe huelea juu, na sindano ya kusomea namba hupanda. Sindano hupanda kidogo kwa miayo midogo. Mwayo Mkuu ulipokuja mara ya mwisho, miaka thelathini na minne nyuma, ulijaa hadi Tuta la Tatu, na watu elfu tisa hawakuamka.

Swali lilikuwa moja tu: utarudi lini? Kazija alikuwa amelijibu. Baada ya miaka kumi na moja. Mchonga mawe alikuwa tayari uwanjani na sentensi hiyo, na Kazija akishaitamka, yeye au Faki angevunja mizani mbele ya watu wote. Swali likishafungwa, hakuna ruhusa ya kulipima tena. Hapo ndipo wao na watu wa nyumba zao wangepata haki ya kupanda: makazi Tuta la Saba, siku hiyohiyo.

"Nyumba ina vyumba sita," Faki alisema. "Mkwe wangu nimempa kile cha mwisho kabisa. Akikohoa, habari zitanifikia kesho yake."

"Na wanao wanne?"

"Wameshakaa ngazini tangu alfajiri na virago vyao. Mdogo amebeba kuku."

Daftari la kisimani lilikuwa nalo limeletwa, ili lifungwe kwenye kitambaa cheupe na kuzikwa chini ya jiwe. Kazija alilichukua ili aliage tu. Hakuwa amelifungua kwa miaka mingi, maana yeye alifanyia kazi nakala safi iliyoandikwa na makarani wa Baraza. Lilinuka ukungu na jasho la Faki. Alifunua kurasa, akitabasamu. Kisha akaacha kutabasamu.

"Faki, hizi nukta ni za nini?"

"Zipi?"

"Hizi, pembeni mwa namba. Kama inzi kakunya."

"Aa, hizo. Siku za matanga. Nilifunika."

Alijibu vile mtu anavyosema amekunywa chai. Na kweli, nani asingefunika? Akifa mtu Bondeni, kwa siku arobaini hakuna kuhesabu, si mayai, si siku, si watu waliokaa mkekani. Anayehesabu matangani anamwita wa pili afe. Basi mpimaji, kwa heshima ya wafiwa, hukaa nyumbani na kuandika namba ya siku ya mwisho aliyoshuka, tena na tena, mpaka matanga yaanuliwe. Faki, kwa kuwa ni mtu mwaminifu, alitia nukta kwa kila namba aliyoirudia. Makarani walidhani ni uchafu.

Kazija alirudi nyuma mwaka mmoja, akarudi miwili, kidole kikiteremka pembeni mwa karatasi. Kijasho chembamba kilimtoka chini ya kanzu ya marehemu.

"Nisomee hapa. Kabla ya matanga ya Mzee Khatibu wa kinu."

"Nne. Nne. Tano. Saba." Faki alisogeza daftari karibu na macho. "Halafu nukta. Saba, saba, saba."

"Baada ya kuanua?"

"Nne."

"Na kabla ya yule bibi aliyekuwa akiuza ukwaju?"

"Nne, sita, nane. Nukta." Alifunua ukurasa. "Baadaye nne."

"Mimi niliona saba zinazolingana siku arobaini nikasema, tazama, ardhi imetulia. Nikazigawa, nikazijumlisha, nikapata miaka yangu kumi na moja." Alifunga daftari. "Bondeni hufa nani, Faki?"

"Wazee. Wazee hufa kila mahali."

"Wetu wanalala wapi?"

Wazee wa Bondeni hulala sakafuni, kwa heshima ya udongo. Vijana hulala vitandani. Na ukiingia msiba, ukoo mzima hushuka mkekani kuwasindikiza wafiwa.

"Sindano inapanda," Kazija alisema polepole, "mzee mmoja haamki, sisi tunaacha kutazama. Kila mara ardhi ilipopiga mwayo, tulifumba macho kwa adabu."

"Dada, usiseme hivyo."

"Jana ulisoma ngapi?"

"Jana sikushuka."

"Juzi?"

"Ni matanga ya Bi Mwaka, yule msusi wa mikeka. Leo siku ya tisa." Faki alilifungua tena daftari. "Siku ya mwisho niliyoshuka ilikuwa kumi na nne."

Katika miaka ishirini na miwili sindano haikuwahi kufika kumi.

*

Mkuu wa Baraza, Bi Arafa, alikuwa na umri wa miaka themanini na fimbo mbili, moja ya kutembelea na moja ya kunyooshea watu. Alimsikiliza Kazija hadi mwisho bila kumkatiza. Kisha akatazama daftari, ukurasa kwa ukurasa, akilamba kidole.

"Unasema kweli," alisema.

Kazija alikuwa amejiandaa kubishana. Hakujiandaa kukubaliwa.

"Basi ahirisha, bibi. Nipe mizani nishuke nayo sasa hivi."

"Siku ya tisa ya matanga? Watakutupa kisimani pamoja nayo. Na swali limeshaitwa uwanjani. Likishaitwa hufungwa kabla majua mawili hayajatengana. Kanuni hiyo unajua aliiandika nani?"

"Mtu asiyewahi kukosea, bila shaka."

"Niliiandika mimi." Bi Arafa hakukasirika. "Mara ile tulikuwa na wasomi wawili. Mmoja alisema mwezi ujao, mwingine miaka tisa. Wakapima, wakarudia, wakatukanana kwa lugha nzuri sana. Miaka sita, mwanangu. Watu wa Bondeni walihama mara tatu na kurudi mara tatu. Huku juu, kwa baridi, walikufa watoto mia nne. Mara ya nne hawakuhama, walisema wasomi waelewane kwanza. Mwayo ulikuja tukiwa kwenye kikao cha mia moja na kumi. Nilishuka kuwatafuta wanangu wawili. Niliwakuta wamelala vizuri, wamefunikwa shuka."

Kelele za uwanjani zilipanda, zikashuka.

"Watu hawahami kwa labda," Bi Arafa alisema. "Watahama kwa jiwe. Nipe namba nyingine, nitaichonga."

"Sina. Nukta zimekula ushahidi wote. Huenda ni kesho, huenda ni miaka minne."

"Huo ni uvumi. Sema mwaka mmoja."

"Nitakuwa nimetunga."

"Tunga. Uongo wako utawatoa chini."

Kazija aliufikiria uongo huo, na hakuna haja ya kumsingizia utakatifu: aliufikiria kwa tamaa. Ulikuwa mwepesi na mzuri. Watu wangepanda. Kisha akaona mwaka unapita, mwayo haujaja, baridi inaua, na jiwe limewaambia wote kwamba hatari imekwisha. Wangerudi Bondeni wakiimba, bila mizani, bila mpimaji, na sheria ikimkataza yeyote kutazama tena kisimani. Wangelala sakafuni kwa amani kamili.

"Na nikisema sijui?"

Bi Arafa alisimama, akajishikiza kwenye fimbo ya kwanza na kumnyooshea ya pili.

"Basi itachongwa sentensi iliyopitishwa. Miaka kumi na moja. Mimi siwezi kuchonga sijui."

*

Walitoka kwenda uwanjani pamoja, Faki amebeba sinia. Watu walipiga vigelegele. Wa matuta ya juu walikuwa mbele na viti, wa Bondeni walikuwa nyuma, wamesimama, na ndio waliokuwa wakiimba kwa sauti zaidi. Mtoto wao alikuwa amepanda.

"Kanzu imekuvaa, dada!" mmoja alipiga kelele, na umati ukaangua kicheko.

Siku nyingine Kazija angemjibu. Alisimama mbele ya jiwe jeupe lililokuwa halijaandikwa kitu. Mchonga mawe alikuwa amepiga magoti, patasi tayari, akingoja mdomo wake.

"Niliombwa niseme sentensi moja," Kazija alisema. "Siisemi. Si kweli. Tulikosea, na tulikosea kwa heshima, siku zote za matanga. Namba ya kweli siijui. Ninachojua ni kwamba siku tisa zilizopita sindano ilikuwa juu kuliko siku zote tulizopima, na tangu hapo hakuna aliyetazama. Mizani isivunjwe. Nipeni nishuke nayo, na ninyi mnaolala chini, msilale chini leo."

Kimya kilichofuata hakikuwa cha hofu. Kilikuwa cha aibu, kama mtu amejamba kwenye dua. Mwanamke mmoja mbele alisema, si kwa sauti ndogo, "Ametaja matanga. Jukwaani." Nyuma kabisa mtu alicheka, akidhani ni mzaha wa kawaida wa Kazija, na wenzake wakaanza kucheka naye kwa kutulia, wakimngoja amalizie.

Hapo ndipo alipolipia miaka hamsini ya utani.

"Ninasema kweli!" alipaza sauti. "Jamani, leo ninasema kweli!"

Wakacheka zaidi.

Aligeuka. Faki alikuwa ameweka sinia chini, na nyundo ilikuwa mkononi mwake.

"Iweke, Faki."

"Wako pale ngazini," Faki alisema. "Unawaona? Lango halifunguliwi mpaka ivunjwe. Ukikataa wewe, wanarudi chini. Leo. Wanarudi kulala kule."

"Ikivunjwa, kule chini hakuna atakayejua kitu."

"Wewe ndiye uliyeniambia maana ya kumi na nne. Ungeninyamazia."

"Ndugu yangu..."

"Nina watoto wanne, Kazija. Usiniambie habari za watu elfu tisa. Mimi nina wanne."

Alikuwa hajawahi kumwita kwa jina tupu, bila dada, katika miaka ishirini na miwili. Aliinua nyundo. Kazija alikuwa karibu kiasi cha kuweza kuushika mkono ule, na katika maisha yake yaliyobaki hakupata kujua kama alichelewa au aliuacha.

Kioo kilipasuka kwa sauti ndogo sana. Umati ulilipuka kwa shangwe, lango la ngazi likafunguliwa, na watoto wanne wakaingia Tuta la Saba wakikimbia, mdogo na kuku wake. Patasi ikaanza kugonga. Bi Arafa alikuwa akilitazama jiwe kwa macho makavu, kama mtu anayesoma jina la mtu wake kaburini.

Kazija alivua kanzu ya tuzo hapohapo, akaiacha sakafuni, akapita katikati ya watu na gauni lake la ndani. Lango lilikuwa wazi. Yeye ndiye pekee aliyelitumia kushuka.

*

Ngazi za Tungule ni elfu moja na mia mbili, na aliyezizoea huzishuka kwa kukimbia. Kazija alizishuka zote. Tuta la Tatu watu walikuwa wakianika nguo. Tuta la Pili mtu alimpongeza. Bondeni kuku walikuwa kimya katika mabanda yao ya darini, ambako kila nyumba hufuga kuku bila kukumbuka sababu, na paka ambao kwa kawaida huzurura chini hakumwona hata mmoja.

Nyumba ya marehemu Bi Mwaka ilikuwa ya mwisho, jirani na kisima. Ndani, ukumbi mzima ulijaa watu wamelala mikekani, bega kwa bega. Bintiye marehemu, Mwanamvua, alikuwa amekaa kwenye kigoda akihangaika na taa. Aliiweka sakafuni, ikazimika. Akaiwasha, akaiweka sakafuni, ikazimika.

"Dada Kazija!" alisema, sauti nzito ya usingizi. "Tumesikia umeshinda. Karibu, kaa. Taa hii leo ina matatizo gani?"

"Inueni watu, Mwanamvua. Watoke. Wapande juu, sasa hivi."

"Mtu anatoka matangani siku ya tisa?" Alimtazama kwa upole. "Umechoka. Hata sisi vichwa vinatuuma, ni kulia. Jilaze kidogo."

Kazija aliinama kumtikisa wa karibu, na alipoinama tu kichwa kilizunguka na magoti yakalegea. Alijivuta juu kwa kushika ukuta. Akaeleza kwa haraka, hewa nzito, sindano, nukta. Mtu mmoja mkekani alifungua jicho, akasema, "Huyu naye na visa vyake," akalifumba. Hakuwa na namba ya kuwapa, wala jiwe, wala mizani. Hakuna aliyewahi kuhama Tungule kwa sababu Kazija kasema.

Alivuta hewa kwa kunyoosha shingo juu, kuelekea dari, mpaka kifua kikajaa. Kisha akanyoosha kidole.

"Mmoja," alisema kwa sauti kubwa.

Mwanamvua aliganda na taa mkononi.

"Wawili. Watatu. Wanne."

"We Kazija, una wazimu?"

"Watano, huyu mwenye miguu michafu. Sita. Saba. Wanane, na huyu anakoroma, matangani kaja kula tu."

Macho yalifunguka ukumbi mzima. Mtu aliketi. Mwingine alishika ukuta akasimama, akiyumba, ngumi imekunjwa. "Anahesabu! Anatuhesabia watu!" Mwanamume mmoja alirusha ndara, ikampata Kazija sikioni. Alimshukuru moyoni.

"Ishirini na mmoja! Ishirini na wawili! Simama vizuri, nawe bibi, usinifiche idadi!"

Waliinuka kwa hasira ambayo mwito wowote wa Baraza usingeiamsha, wakikohoa, wakitukana, wakivutana kwa mikono ili wamfikie. Kazija alirudi nyuma hadi mlangoni, akihesabu. Wa thelathini na mbili hakuinuka. Alikuwa mzee, ameuelekea ukuta, na mjukuu wake alimruka bila kumtazama ili aje kumpiga Kazija. Kule kona kulikuwa na wengine watano waliolala vilevile. Aliwahesabu pia, kwa sauti isiyobadilika, maana angeibadilisha wote wangegeuka kuwatazama, na hakuna ambaye angetoka.

Kisha akakimbia.

Walimfuata uchochoroni na fimbo na ndara. Kazija alihesabu kila mlango aliopita, na kila mlango ulitoa watu wake waliokuja kuona ni mwendawazimu gani huyo, wakaungana na wengine. Alizishika ngazi. Miaka hamsini, tumbo la ukoo, gauni la ndani, mapafu yakimchoma. Tuta la Kwanza. Tuta la Pili. Nyuma yake sauti zilikuwa mamia, na mawe yaligonga ngazi karibu na visigino vyake. Juu kabisa patasi bado ilikuwa ikigonga.

Katikati ya kupanda kwenda Tuta la Tatu alisikia miguu ikipungua kasi. Mtu alisema wamwache, ameshakwenda, warudi msibani. Wengine waliitikia. Wawili walikuwa wameshageuka.

Kazija alisimama. Aliwageukia, damu ikimtiririka kutoka sikioni, akanyoosha kidole kwa wa kwanza, akaanza upya kutoka mmoja.